Mabingwa Watatu wa Sataranji na Vitabu Vyao

Mwezi uliopita mzee mmoja, baba wa mwanafunzi wetu wa darasa la saba, alitujia shuleni kabla ya kengele ya asubuhi. Tukamwamkia, "Shikamoo, mzee." Akaitikia, "Marahaba, mwalimu. Watoto hawajambo?" Tukajibu kuwa hawajambo. Akanyamaza kidogo, kama afanyavyo mtu mwenye neno, kisha akasema: "Mwalimu, mwanangu mmemfundisha mchezo wa ubao wenye miraba. Sasa usiku halali. Huwasha kibatari, akahamisha kete peke yake, na asubuhi jembe hulishika kama mgonjwa. Nikimkemea, hunijibu kwamba yuko mtu wa ng'ambo aliyemshinda baba yake angali mtoto wa miaka minne, akawa mkubwa wa dunia nzima. Sikuja kugombana. Nimekuja kuuliza tu: habari hiyo ni kweli? Na kama ni kweli, mtu huyo mwisho wake ulikuwaje?"

Swali la kwanza tuliweza kulijibu papo hapo, maana habari ile ni sisi tuliyemsimulia mtoto. Swali la pili lilitushinda. Tulijua mwanzo wa bingwa yule, wala hatukuwa tumeufikiri mwisho wake. Tukamwomba mzee atupe muda, tukarudi kwenye vitabu vya mabingwa tulivyo navyo, tukavisoma upya. Safari hii si kwa kutafuta namna ya kuhamisha kete, bali kwa kuwatafuta watu walioviandika. Haya tuyaandikayo leo ndiyo tuliyoyapata. Twadhani yatawafaa wazazi na walimu wenzetu, kwa kuwa hakuna kijiji kisicho na mtoto ambaye watu wamekwisha kumwambia kuwa ana kipaji.

Kwa wasioujua mchezo, tuseme machache. Sataranji huchezwa na watu wawili juu ya ubao wa miraba 64, nyeupe na nyeusi. Kila mmoja ana kete 16: mfalme, malkia, ngome mbili, farasi wawili, kete mbili ziendazo mshazari, na askari wanane. Shabaha ni kumbana mfalme wa mwenzako hata asiwe na mahali pa kukimbilia. Na pasipopatikana mshindi huwa sare. Mchezo ulitoka Bara Hindi, ukapita Uajemi, ukachukuliwa na Waarabu, na kwa njia hiyo jina lake likafika katika Kiswahili. Si kama karata: hapana bahati ndani yake, wala hakuna kilichofichwa. Kete zote zi wazi mbele ya macho ya wote wawili, na ashindwaye hana wa kumlaumu ila nafsi yake. Ndiyo sababu mchezo huu humfunua mtu tabia yake upesi kuliko mingine, na ndiyo sababu maisha ya mabingwa wake yafaa kupimwa.

Mtu yule wa ng'ambo ni José Raúl Capablanca, aliyezaliwa Havana katika kisiwa cha Kuba mwaka wa 1888. Katika kitabu chake kiitwacho My Chess Career, kilichotoka mwaka wa 1920, asimulia jinsi alivyokuwa akimtazama baba yake akicheza na rafiki, akaona baba amemhamisha farasi isivyo halali, akacheka. Baba alipokasirika, mtoto alimwonyesha kosa lake. Wakakaa kucheza, na mtoto akashinda. Mwaka wa 1901, alipokuwa na umri wa miaka 13 hivi, alimshinda Juan Corzo, bingwa wa Kuba. Mwaka wa 1906 aliingia Chuo Kikuu cha Columbia huko New York asomee uhandisi wa kemia, lakini masomo hakuyamaliza. Mwaka wa 1909 alimshinda Frank Marshall, mchezaji mkubwa wa Marekani, kwa michezo 8 dhidi ya mmoja, na sare 14. Hata ilipofika mwaka wa 1921 alimvua ubingwa wa dunia Mjerumani Emanuel Lasker, aliyekuwa ameushika tangu mwaka wa 1894. Shindano lao lilifanyika Havana. Capablanca alishinda michezo 4, sare zilikuwa 10, wala hakushindwa hata mmoja. Na tangu mwaka wa 1916 mpaka mwaka wa 1924, muda wa miaka minane, hapakuwa na mtu aliyemshinda mchezo mmoja katika mashindano.

Hizi ndizo habari tulizomsimulia mtoto wa mzee, na zote ni za kweli. Kosa letu ni kwamba tulizisimulia kwa sauti ile ile ya kitabu, bila kukihukumu kitabu chenyewe. Sasa twaona kwamba kitabu hicho, pamoja na uzuri wa michezo iliyomo, kina dosari kubwa. Mwandishi ashangaa, tena kwa furaha, kwamba alipomshinda Marshall hakuwa amepata kufungua kitabu cha kujifunzia namna za kuanza mchezo. Hatusemi ni uongo. Twasema kwamba neno hilo likisomwa na mtu mzima ni ajabu tu, lakini likisomwa na kijana ni sumu, maana humfundisha kwamba mwenye kipaji hana haja ya kitabu, na kwamba mwenye kuhangaika na kitabu hana kipaji. Kijana akiamini hayo, akishinda atajivuna, na akishindwa atakata tamaa. Hali zote mbili hazina elimu ndani yake.

Ajabu ni kwamba mtu huyo huyo, mwaka wa 1921, alitoa kitabu cha pili, Chess Fundamentals, ambacho twakiweka juu sana. Ndani yake haanzi na vita vya ubao uliojaa kete. Aanza na mwisho, kete chache tu zimesalia, ili mwanafunzi aone nguvu ya kila moja kabla ya kuchanganyikiwa na wingi. Mwalimu yeyote aliyefundisha kusoma atatambua busara hiyo: herufi kwanza, neno baadaye. Tena katika mifano yake aliweka michezo ambayo yeye mwenyewe alishindwa, akaonyesha wapi alikosea. Ni wakubwa wangapi, waliokwisha kupata kilele cha cheo chao, wangewaonyesha watu makosa yao ili wajifunze? Hapa Capablanca ni mwalimu kweli. Basi vitabu hivi viwili havipatani: kimoja chasema kipaji chatosha, cha pili chaonyesha kwamba hakitoshi. Maisha yake yaliamua kipi kilikuwa sahihi.

Aliyeleta hukumu hiyo ni Alexander Alekhine, aliyezaliwa Moscow mwaka wa 1892 katika nyumba ya matajiri. Vita Kuu ya mwaka wa 1914 ilimkuta akiwa mashindanoni Mannheim, Ujerumani, akafungwa pamoja na Warusi wenzake. Mwaka wa 1921 aliiacha Urusi, akakaa Ufaransa, na baadaye akawa raia wa huko. Mwanzoni mwa mwaka wa 1927 Capablanca na Alekhine walicheza katika mashindano makubwa ya New York. Capablanca alikuwa wa kwanza bila kushindwa hata mchezo mmoja. Alekhine alikuwa wa pili, nyuma yake kwa pointi mbili na nusu. Mpaka siku zile Alekhine hakuwa amepata kumshinda Capablanca hata mara moja. Wakaagana kukutana Buenos Aires, Ajentina, kugombea ubingwa.

Capablanca alikwenda kama mtu aendaye kuchukua kilicho chake. Alekhine aliichukua michezo ya Capablanca, mmoja baada ya mmoja, akaichungua kama fundi achunguzavyo paa wakati wa kiangazi, akitafuta patakapovuja masika. Akaona kwamba mwenzake, kwa kuwa macho yake yaliona upesi, mara nyingine aliyaamini macho hayo bila kuyahakikisha. Shindano lilianza Septemba, likaisha Novemba, michezo 34. Alekhine alishinda 6, Capablanca 3, sare zikawa 25. Mtu ambaye hajapata kushinda hata mara moja akawa bingwa wa dunia. Mtoto wa mzee hakuijua sehemu hii ya hadithi, kwa kuwa sisi hatukuifikisha huko.

Twende kwenye vitabu vya Alekhine. Ni viwili vyenye jina moja, My Best Games of Chess. Cha kwanza ni cha michezo ya mwaka wa 1908 mpaka 1923, cha pili ni cha mwaka wa 1924 mpaka 1937. Tuseme wazi: kwa kazi ya uandishi, hivi ni vikubwa kuliko vya Capablanca. Alekhine humwingiza msomaji ndani ya fikira zake. Humwonyesha hatari aliyoiogopa, njia aliyoiacha na sababu ya kuiacha, na shauri lililokomaa hatua kumi kabla ya kuonekana. Msomaji huona jasho. Kijana akitaka kujua maana ya kufikiri kwa bidii, na asome hapo.

Lakini navyo vina dosari, tena ya aina mbaya zaidi. Katika kitabu cha kwanza ametaja mchezo wa Moscow wa mwaka wa 1915 ambamo, kwa maelezo yake, malkia watano walikuwapo ubaoni kwa wakati mmoja. Jambo la ajabu mno, nalo limevutia wasomaji wengi. Wachunguzi wa baadaye walipoutafuta mchezo huo katika magazeti ya siku zile, waliona kwamba mchezo uliochezwa haukwenda hivyo. Malkia watano walikuwa katika njia iliyoweza kuchezwa, iliyofikiriwa pembeni. Nayo ikaletwa kwa msomaji kana kwamba ilitokea. Wengine watasema ni jambo dogo. Sisi walimu hatuwezi kusema hivyo. Mwanafunzi akileta hesabu yenye jibu zuri ambalo hakulipata mwenyewe, hatumpi alama kwa uzuri wa jibu. Na kwa mtu ambaye michezo yake ya kweli ilikuwa mizuri kupita ya watu wote, haja ya kuongeza chumvi ilikuwa ya nini? Yaonyesha kwamba kushinda hakukumtosha. Alitaka pia kutazamwa.

Tabia hiyo hiyo yaonekana katika maisha yake baada ya Buenos Aires. Capablanca aliomba kurudiana. Hapa yatupasa kuwa waangalifu, maana wengi wamemtupia Alekhine lawama yote. Mwaka wa 1922 Capablanca, akiwa bingwa, ndiye aliyeweka masharti huko London kwamba atakayetaka kugombea ubingwa alete fungu la dola 10,000. Fedha hizo zilikuwa ukuta. Akiba Rubinstein na Aron Nimzowitsch, wachezaji wakubwa, hawakuweza kuupanda. Sasa Capablanca akiwa upande wa nje wa ukuta ule ule, Alekhine alimwambia alete fedha zile zile. Wazee wamesema, mchimba kisima huingia mwenyewe. Hata hivyo haki ya sharti si udhuru wa moyo. Miaka ilipita; Alekhine alicheza mara mbili na Efim Bogoljubov, mwaka wa 1929 na mwaka wa 1934, mtu hodari lakini asiye wa kiasi cha Capablanca; na huyu aliyepaswa kurudiana naye hakurudiana naye kamwe. Wala hawakukaa tena kwenye ubao mmoja mpaka mwaka wa 1936, katika mashindano ya Nottingham, Uingereza. Siku hiyo Capablanca alishinda, naye pamoja na Mikhail Botvinnik wakawa wa kwanza. Lakini ubingwa haukuwa umewekwa mezani.

Capablanca alifariki New York mwezi wa Machi mwaka wa 1942, umri wake miaka 53. Alianguka jioni akiwa katika nyumba ya chama cha sataranji, akafa kesho yake hospitalini. Alekhine aliposikia, alimsifu kuwa ni mtu mwenye akili ya ajabu ambaye mfano wake hautaonekana tena. Sifa hizo ni za haki. Lakini tulipozisoma tulijiuliza kwa nini mtu hupata ukarimu upesi hivyo kwa maiti, na kwa aliye hai miaka kumi na tano haikumtosha kupata siku ya kukaa naye.

Mwisho wa Alekhine mwenyewe wasikitisha. Mwaka wa 1941, Paris ikiwa mikononi mwa jeshi la Hitler, makala zilitoka gazetini kwa jina lake, zikiwatukana Wayahudi na kudai kwamba mchezo wao ni wa woga. Hata Lasker alitukanwa humo. Lasker alikuwa Myahudi. Alikuwa ameiacha Ujerumani mwaka wa 1933 na mali yake kuchukuliwa; mwaka wa 1935 huko Moscow, mzee wa miaka 66, alishika nafasi ya tatu mbele ya Capablanca; akafa New York mwezi wa Januari mwaka wa 1941, miezi michache tu kabla ya makala zile. Baada ya vita Alekhine alikana, akasema maneno yake yalibadilishwa na wengine. Watu wamebishana juu ya jambo hilo mpaka leo. Mashindano ya London ya mwaka wa 1946 yalifungiwa mlango wake. Mwezi wa Machi mwaka huo alikutwa amekufa peke yake katika chumba cha hoteli huko Estoril, Ureno, ubao wa sataranji u karibu naye. Alikuwa bado bingwa wa dunia. Hakuna bingwa mwingine aliyekufa akiwa na cheo hicho. Na tukiitazama picha ya chumba kile, hatuoni kama cheo kilimfaa kitu.

Kama tungalikomea hapa, tungalimrudia mzee na kumwambia: uchukue ubao, uutie motoni. Lakini kati ya majina haya makubwa liko jina la tatu, ambalo vitabu vingi hulipita upesi, nalo ndilo lililotupa la kusema. Ni jina la Max Euwe, mwalimu wa hesabu.

Euwe alizaliwa Uholanzi mwaka wa 1901. Alipata udaktari wa hesabu katika Chuo Kikuu cha Amsterdam mwaka wa 1926, akafundisha katika shule ya wasichana mjini humo. Sataranji aliicheza baada ya kazi na wakati wa likizo. Mwaka wa 1935 alicheza na Alekhine kugombea ubingwa, katika miji mbalimbali ya Uholanzi, michezo 30. Baada ya michezo 9 Alekhine alikuwa mbele kwa pointi tatu, na wengi walidhani mambo yamekwisha. Mwalimu hakutetemeka. Aliyarudisha polepole, na katika mchezo wa 26, uliochezwa Zandvoort, alitoa kete kubwa apate askari watatu, akawasukuma askari hao mbele pamoja mpaka Alekhine akaelemewa. Mwisho Euwe alikuwa ameshinda michezo 9, Alekhine 8, sare 13. Mwalimu wa shule akawa bingwa wa dunia, naye hakuacha kufundisha.

Wako waandishi wapendao kusema kwamba Euwe alishinda kwa sababu Alekhine alikuwa mlevi. Hoja hiyo hatuikubali. Kwamba Alekhine alikunywa, twajua. Lakini pombe aliimimina mwenyewe, wala si Euwe aliyemshikia kikombe. Kujitunza ni sehemu ya kazi kama vile kujua kazi. Mkulima akilala shamba likaliwa na nguruwe, hatusemi jirani yake amevuna kwa bahati. Tena mchezo kama ule wa Zandvoort haupatikani kwa udhaifu wa mwingine peke yake; lazima awepo wa kuuunda.

Lililotugusa zaidi ni lile lililofuata. Euwe alikuwa na nafasi ya kufanya kama walivyofanya waliomtangulia: kujenga ukuta wa fedha, au kuchagua mpinzani mwepesi. Hakufanya hivyo. Mwaka wa 1937 alikaa tena na Alekhine, ambaye sasa alikuwa ameacha pombe na kujitayarisha. Euwe akashindwa, tena vibaya, michezo 10 dhidi ya 4, sare 11. Aliushika ubingwa miaka miwili tu. Kwa hesabu ya dunia alipata hasara. Kwa hesabu yetu, yeye peke yake kati ya hawa watatu ndiye aliyeutendea ubingwa kama amana ya kupokezanwa, si kama mali ya kufungiwa sandukuni.

Tusimpambe kupita kiasi, maana sifa isiyo na mpaka si uchambuzi. Euwe hakuwa sawa na Capablanca wala Alekhine kwa nguvu za mchezo. Mwaka wa 1948 alipocheza tena kugombea ubingwa, kati ya watu watano alikuwa wa mwisho. Vitabu vyake havina mwanga ule wa Alekhine. Msomaji hashiki pumzi. Na alipokuwa rais wa chama cha sataranji cha dunia, tangu mwaka wa 1970 hata 1978, alikuwa na upole ambao mara nyingine ulipindisha sheria. Mwaka wa 1972, Bobby Fischer wa Marekani alipochelewa kufika Reykjavik kucheza na Boris Spassky, Euwe aliahirisha mwanzo wa shindano; Warusi wakalalamika, naye akakiri kwamba amevunja taratibu. Lakini alikiri. Na mwaka wa 1976 Viktor Korchnoi alipoikimbia serikali ya nchi yake, wakuu wa huko wakataka asicheze tena kugombea ubingwa, Euwe hakukubali. Korchnoi akacheza, akafika mpaka shindano la ubingwa mwaka wa 1978.

Katika vitabu vyake kimoja twakipendekeza kwa walimu, Chess Master vs. Chess Amateur, alichokiandika pamoja na Walter Meiden mwaka wa 1963. Humo bingwa hashindani na bingwa. Ashindana na mtu wa kawaida, kama sisi. Kila kosa la mtu huyo laelezwa: kwa nini lilionekana zuri machoni pake, na kwa nini halikuwa zuri. Hakuna kicheko ndani yake. Kapata wapi subira hiyo? Twadhani aliipata darasani, kwa miaka ya kusahihisha madaftari. Anayesahihisha madaftari kila jioni hujua kwamba mtoto hakosi kwa ujinga tu. Hukosa kwa sababu ameona nusu ya jambo. Capablanca alionyesha makosa yake mwenyewe, na hilo ni jema; Euwe aliyaonea huruma makosa ya wengine, na hilo ni gumu zaidi.

Watu watasema kwamba hizi ni habari za mbali. Si za mbali sana. Huko Katwe, mtaa wa makabwela mjini Kampala, binti mmoja, Phiona Mutesi, alimfuata kaka yake mpaka mahali ambapo Robert Katende alikuwa akiwafundisha watoto sataranji na kuwapa uji. Aliufuata uji, akaukuta ubao. Baadaye aliichezea Uganda katika mashindano ya mataifa. Kitabu juu yake kilitoka mwaka wa 2012, na filamu mwaka wa 2016. Wengi walioitazama filamu hurudi nyumbani wakisema, "Kipaji hicho!" Sisi twaona wamelipita jambo lenyewe. Kipaji kilikuwapo, ndiyo. Lakini kilichokitoa matopeni ni bakuli la uji na mwalimu aliyerudi kila siku. Wala Phiona hakuwa bingwa wa dunia. Alipata shule, akaendelea mpaka chuo kikuu huko Marekani. Kwetu sisi hilo si faida ndogo kuliko kombe.

Hata leo dunia haijachoka kutafuta watoto wa ajabu. Mwaka wa 2024 kijana wa Bara Hindi, Gukesh Dommaraju, alipata ubingwa wa dunia akiwa na umri wa miaka 18, na watoto wetu wamelisikia jina lake. Hatuwazuii kulisikia. Twaomba tu kwamba sisi walimu tusiishie katika mwanzo wa hadithi. Mwanzo wa bingwa hufanana na mwanzo wa bingwa mwingine: mtoto, ubao, watu wakishangaa. Tofauti huanza pale mtu anaposhindwa, au, lililo gumu kupita hilo, anaposhinda na mwenzake akaja kuomba kurudiana.

Tulimwendea mzee nyumbani kwake jioni ya Jumamosi. Tukamwambia yote, ya Havana na ya Buenos Aires, ya Estoril na ya Amsterdam. Tukakiri kwamba tulimsimulia mwanawe nusu ya habari, tukamwomba radhi. Kisha tukamwambia shauri letu: kibatari kizimwe mapema, ubao utakaa shuleni, na mtoto atacheza Jumamosi baada ya kazi ya shamba, naye atakuwa na daftari la kuandikia michezo aliyoshindwa, si aliyoshinda, na chini ya kila mmoja ataeleza wapi alikosea.

Mzee alisikiliza, mikono juu ya fimbo. Mwishowe akauliza: "Yule mwalimu wa Uholanzi, alipopata ukubwa wa dunia, watoto wale wa shule aliwaacha?"

Tukajibu, "La, mzee. Hakuwaacha."

Akamwita mwanawe aliyekuwa nyuma ya nyumba akikata kuni. "Njoo hapa," akasema. "Lete huo mchezo wako unionyeshe. Ila nikikosea usinicheke."